Kuigiza historia ya sayansi na teknolojia Tanga: maswali mnayotuuliza kila siku

Sisi ni kikundi cha maigizo hapa Tanga mjini, tuna walimu wawili watatu, vijana wa ngoma, fundi friji mmoja na mama mmoja aliyewahi kufanya kazi shamba la mkonge. Tunaigiza jinsi mambo ya sayansi na teknolojia yalivyotokea, hasa yaliyotokea mkoani kwetu, tunapita mashuleni, viwanjani na mara nyingine barazani kwa mtu. Haya ndo tunayoulizwa sana, tumejibu kama tunavyoongea, na mengine tumeyajibu kwa kirefu maana yanataka kirefu.

Kwani historia ya sayansi inaigizika? Si majina na miaka tu?

Majina na miaka ndo yaliyobaki baada ya utamu wote kutolewa. Ukisoma kitabuni unakutana na jibu, fulani aligundua hiki mwaka fulani, basi, unakariri unaenda kwenye mtihani. Lakini siku yenyewe hakuna aliyekuwa na jibu, kulikuwa na mtu kasimama mbele ya kitu asichokielewa, pembeni yuko anaembishia, yuko anaemcheka, na hela inaelekea kuisha. Hali hiyo ya kutojua ndo sayansi yenyewe, na igizo linaiweza kuliko kitabu kwasababu mtazamaji nae amekaa pale hajui itakuwaje, anabishana na jirani yake. Igizo letu lolote tunalipima hapo, watu wakitoka wamekariri tarehe tu basi hatujafanya kazi.

Na wanasayansi wenyewe walilijua hili zamani. Huko Ujerumani miaka ya 1650 Otto von Guericke aliunganisha nusu mbili za tufe la shaba, akanyonya hewa ya ndani kwa pampu, alafu akafunga farasi kila upande wavute, farasi wakahangaika mbele za watu na nusu zile hazikuachana kirahisi. Angeweza kuandika barua tu, lakini alitaka watu waone hewa ina nguvu. Michael Faraday nae kule Royal Institution London, ambako mihadhara ya Krismasi ilianza 1825, alikuwa anakaa na watoto anawasha mshumaa anawafundisha kemia yote kupitia ule moto. Kwa hiyo hatujaanzisha jambo geni.

Igizo gani linapendwa kuliko yote?

La Mpemba, bila ubishi. Na linatuuma kwamba watu wengi wa Tanga hawajui kuwa lilianzia mkoani kwao.

Erasto Mpemba mwaka 1963 alikuwa kidato cha tatu Magamba, Lushoto. Wanafunzi pale walikuwa wanatengeneza aiskrimu, unachemsha maziwa, unachanganya na sukari, unayaacha yapoe kwanza ndo unaweka kwenye friza. Siku hiyo nafasi kwenye friza ni chache na watu wanaigombania, mwenzake mmoja akaona bora asichemshe kabisa, akachanganya maziwa na sukari akawahi. Mpemba akaona akisubiri yapoe anakosa nafasi, akayaweka ya moto hivyo hivyo. Baada ya kama saa moja na nusu wakaenda kuangalia, ya Mpemba yameganda, ya mwenzake bado uji uji. Akamuuliza mwalimu wa fizikia, akajibiwa umechanganya mambo, haiwezekani.

Sasa hapa ndo pa Tanga mjini. Baadae alikutana na rafiki yake aliyekuwa akiuza aiskrimu mjini hapa, yule akamwambia mbona sisi tunaweka ya moto makusudi, inaganda haraka, na wauzaji wengine wa hapa nao walikuwa wanafanya hivyo hivyo. Yaani maarifa yalikuwa mtaani, kwa watu wanaotafuta riziki, shuleni ndo yalikataliwa.

Akaenda Mkwawa, Iringa, kusoma kidato cha tano na sita. Akamuuliza tena mwalimu, akaambiwa hiyo ni fizikia ya Mpemba, sio fizikia ya dunia. Ikawa ndo utani wa darasa, akikosea hesabu wanasema hiyo hesabu ya Mpemba. Siku akaja mgeni, Dk. Denis Osborne, mhadhiri wa fizikia kutoka chuo kikuu Dar es Salaam, akaongea, akaruhusu maswali. Mpemba akasimama akauliza, ukichukua vyombo viwili vinavyofanana, maji kiasi kile kile, kimoja nyuzi 35 kingine nyuzi 100, ukaweka kwenye friji, kile cha nyuzi 100 kinaganda kwanza, kwanini? Wenzake wakaona kawaaibisha. Osborne hakumcheka, alimuuliza kama kweli amefanya jaribio, akasema na yeye akirudi Dar atajaribu. Alimpa fundi wa maabara afanye, yule fundi akarudi na habari kwamba ya moto imeganda kwanza kweli, lakini wataendelea kurudia mpaka wapate jibu sahihi! Kila tukifika kwenye hicho kipande watu wanapiga makofi bila kuombwa. Mwaka 1969 Mpemba na Osborne wakaandika pamoja kwenye jarida la Physics Education, na leo duniani kote jambo hilo linaitwa kwa jina lake.

Tunavyoliigiza ni hivi. Watu wakiwa bado wanaingia tunachagua wawili kutoka kwenye hadhira, mmoja anajaza kikombe kwa maji ya bomba mwingine anajaza kwa maji yaliyotoka kuchemka, vikombe vinafanana, kiasi tumepima mbele yao, kila mmoja anaandika jina lake kwa kalamu ya wino kisha vinaingia kwenye friza iliyosimama pale pale stejini. Fundi wetu anafunga mlango. Alafu igizo linaendelea, na muda wote friza inanguruma nyuma ya waigizaji na hakuna anaejua ndani kukoje. Tuliwahi kuigiza viwanja vya Tangamano, mama mmoja anaeuza barafu za ukwaju akashindwa kuvumilia, akasimama katikati ya onyesho akamwambia yule anaeigiza mwalimu, "Mwalimu, samahani, kwani wewe umewahi kuuza barafu?" Uwanja mzima ukalipuka, na yule kijana wetu alikuwa na akili, hakutoka kwenye nafasi yake, akamjibu kama mwalimu wa wakati ule angemjibu, na mama hakukubali, wakabishana pale kwa hoja mpaka tukaacha skripti pembeni. Hiyo ndo siku tuliyoipenda kuliko zote.

Na mwisho wa igizo vikombe vinaonyesha nini?

Kinachoonyeshwa ni kilichotokea. Kuna siku cha moto kinatangulia, kuna siku cha baridi, kuna siku vyote bado maji, na umeme ukikatika tunasema umekatika. Hatubadilishi vikombe nyuma ya pazia hata siku moja. Anaetaka kujiunga na sisi hili ndo la kwanza tunamwambia.

Tena tunawaeleza watu kwamba ubishi bado upo. Aristotle aliligusia jambo hili, na Francis Bacon na Descartes pia, kabla ya Mpemba kuzaliwa. Maelezo yametolewa mengi, kwamba maji ya moto yanapungua kwa mvuke, kwamba yanazunguka zaidi ndani ya chombo, kwamba yamepoteza gesi, kwamba chombo cha moto kinayeyusha barafu iliyo chini yake kikagusana vizuri na friza. Na mwaka 2016 Burridge na Linden, watafiti wa Uingereza, walitoa makala wakisema hawakuona ushahidi wa kutosha, na kwamba hata kuisogeza kidogo themomita kunaweza kukupa majibu tofauti. Wengine wanashindwa kukubali, wanatuuliza kwahiyo Mpemba alikosea? Sisi tunaona alichofanya ni kikubwa zaidi, aliona kitu kwa macho yake, akauliza, akachekwa, akauliza tena, na watu wenye maabara kubwa bado wanahangaika na swali lake miaka zaidi ya 50.

Mnaweza kutuletea ile ya pendulamu ya Paris? Tumeiona kwenye video, inapendeza.

Inapendeza kweli, ila Tanga haifai. Mwaka 1851 Léon Foucault alining'iniza tufe la kilo 28 kwa waya wa mita 67 ndani ya Panthéon, likawa linabembea huku mstari wa kubembea unageuka polepole, watu wakaona kwa macho kwamba dunia inazunguka. Lakini kasi ya kugeuka inategemea uko mbali kiasi gani na ikweta. Paris inachukua kama saa 32 kumaliza mzunguko. Sisi tuko nyuzi 5 tu kusini mwa ikweta, hapa ni kama siku 11, kwa saa moja inageuka nyuzi moja na ushee, mtazamaji ataona tufe linabembea tu atarudi nyumbani na swali lake. Ukilazimisha ionekane inageuka umedanganya.

Ila tukiwa na wanafunzi wa kidato cha tano na sita tunaligeuza hili kuwa zoezi, tunawapa habari ya Foucault alafu tunawauliza angekuwa amezaliwa Tanga angefanyaje. Wanabishana vizuri sana.

Mbona mnaigiza sana mambo ya Wajerumani? Si mnawasifia wakoloni?

Swali zuri, na anaeuliza ana haki. Huwezi kueleza teknolojia ya Tanga ukaruka kipindi kile, reli ilianza kujengwa hapa 1893, ikafika Muheza 1896, Korogwe 1902, Mombo 1905, na Moshi 1911. Kituo cha utafiti cha Amani kilianzishwa 1902. Mkonge uliletwa 1893. Hivyo ni vitu vilivyobadilisha maisha ya bibi na babu zetu.

Tunachokataa ni kuigiza kama vile mzungu mmoja mwenye kofia alijenga reli. Kwenye igizo la reli mhandisi anaonekana kidogo sana, muda mwingi tuko na wanaobeba. Tunatumia mianzi mirefu badala ya vyuma na kijiti cha mita moja kamili, kwasababu reli hii ni ya upana wa mita moja, na kila baada ya hatua chache kijiti kinawekwa katikati, kikigoma wanarudi nyuma wanasogeza upya huku wanaimba. Watoto wakishika mianzi ile wenyewe ndo wanaelewa kwanini kilomita moja ilikula jasho. Na tunaonyesha pia kwamba wengi hawakuja kwa hiari, kodi na amri vilikuwepo, hatulipaki hilo rangi.

Majina ya wengi waliofanya kazi hizo hayakuandikwa. Hatuwatungii. Mwigizaji anasimama anasema mimi ni mbeba reli, jina langu halikuandikwa, na anaendelea na kazi.

Igizo la Amani ni la nini? Mimi najua ni msitu tu.

Ni msitu, na ndani yake kuna historia nzito ya sayansi. Wajerumani walianzisha pale kituo cha biolojia na kilimo, wakapanda miti kutoka kila pembe ya dunia, ukiwemo mkwinini ambao magome yake ndo dawa ya malaria ya zamani, na vita ya kwanza ya dunia ilipofunga njia za meli kwinini ya hapa ikawa na thamani kubwa. Baadae chini ya Waingereza, kuanzia karibu mwaka 1950, Amani ikawa makao ya utafiti wa malaria wa Afrika Mashariki nzima.

Sisi tunaigiza usiku mmoja tu wa kukamata mbu. Ilikuwa hivi, ili kujua mbu gani wanauma watu na saa ngapi, mtu anakaa gizani, kakunja suruali mpaka magotini, miguu wazi, mkononi tochi na mrija wa kunyonya. Anasubiri. Mbu anatua, tochi inawaka, mbu ananyonywa kwenye mrija kabla hajauma vizuri, anaingizwa kwenye kichupa, saa inaandikwa. Asubuhi vichupa vinapelekwa kwa anaepasua mbu chini ya hadubini kutafuta vimelea. Stejini tunazima taa zote, inabaki tochi moja, na kijana anakaa kimya kabisa. Sauti ya mbu anaipiga mwenzake kwa zeze la waya mmoja. Hadhira inaanza kujikuna, kweli kabisa, tunawaona wakijipiga miguuni. Hakuna hotuba hapo, mtu anaelewa mwenyewe kwamba takwimu za malaria zilitoka kwenye miguu ya watu.

Wazo lenyewe sio letu peke yetu. Miaka ya 2010 wanaanthropolojia Wenzel Geissler na Ann Kelly walikuwa Amani na baadhi ya waliowahi kufanya kazi pale, wakaigiza upya kazi zile kwenye sehemu zile zile. Ukimwambia mzee akueleze alikuwa anafanyaje anaeleza kidogo, lakini ukimpa mrija mkononi mikono inakumbuka yenyewe, na hayo hayamo kwenye ripoti yoyote. Ndo maana na sisi tunawatafuta wazee mapema.

Na mkonge mnauigizaje?

Mama yetu wa mkonge ndo mwenye igizo hilo, sisi tunamfuata. Anaanza na Richard Hindorf, mtaalamu wa kilimo aliyeagiza miche 1000 kutoka Florida, asili yake ni Yucatán kule Meksiko, safari ndefu ya meli kupitia Hamburg, iliyofika Tanga ikiwa hai ni 62. Tunaweka watu 62 mbele, tunawaambia hawa ndo wazazi wa mashamba yote mliyoyaona toka Muheza mpaka Korogwe, na miaka ya 1960 nchi hii ilikuwa inatoa zaidi ya tani laki mbili kwa mwaka.

Alafu anakaa chini na jani moja. Anakata miiba, analilaza juu ya ubao, anaanza kukwangua kwa kisu butu, maji ya kijani yanachuruzika, watu wa mbele wanayapata kidogo mkononi na yanawasha. Zinatoka nyuzi chache nyeupe. Kwenye jani zima nyuzi ni kama asilimia 4 tu, zilizobaki zote ni taka. Hapo ndo anauliza, je ungekuwa na majani milioni? Ndo tunaingia kwenye korona, mashine ya kukwangua, na tunaingia kwenye manamba, vibarua wa mkataba walioletwa kutoka mbali, na vipande vyao, yaani kadi za kazi za siku 30. Mwisho anarudi kwenye zile taka, anaeleza kwamba kule Hale walijenga mtambo wa kutengeneza gesi na umeme kwa mabaki hayo hayo. Kuna vijana hapo wanakuja kutuuliza mambo ya gesi mpaka usiku.

Sayansi ya wahenga wetu je, ya kabla ya wakoloni?

Ipo, na mfano bora tunaoujua wa kuigiza kuleta maarifa uko hapa hapa Tanzania. Miaka ya 1970 huko Kagera, Peter Schmidt na Donald Avery waliwaomba wazee wa Kihaya wayeyushe chuma kama zamani. Kazi hiyo ilikuwa imeachwa miaka mingi, chuma cha dukani kiliiua. Wazee wakajenga tanuru upya, wakachoma nyasi za bwawani chini ya shimo, wakaingiza mirija ya udongo mpaka ndani ya tanuru, wakafukuta kwa mivukuto huku wanaimba. Chuma kikatoka. Watafiti wakapima joto, wakaona ile mirija kukaa ndani kunaifanya hewa ipate moto kabla ya kukutana na makaa, wakachapisha kwenye jarida la Science 1978. Na mabaki ya matanuru yaliyochimbwa eneo lile yana umri wa kama miaka 1500 mpaka 2000.

Ona basi, hilo halikuwa onyesho la watalii. Wazee walipofanya kwa mikono ndo swali la kisayansi likajibika. Sisi kuyeyusha chuma hatujafika, makaa yanayohitajika ni mengi na moto ule sio wa kuchezea shuleni, ila mvukuto tunao, wa ngozi ya mbuzi, tunaupuliza kwenye jiko la mkaa la kawaida na mtoto anaona makaa yanavyobadilika rangi kutoka nyekundu kwenda njano. Upareni ukoo wa Washana walijulikana kwa uhunzi, na tunaongea na watu wa huko ili tuandae kitu cha maana.

Silikanti mmeacha?

Hatujaacha. Samaki huyo wataalamu waliamini ametoweka toka enzi za dinosaria, mpaka Desemba 1938 Marjorie Courtenay-Latimer, dada aliyekuwa akitunza makumbusho ndogo Afrika Kusini, alipomuona kwenye samaki wa meli ya uvuvi akakataa atupwe. Wa pili akapatikana Komoro 1952, na kumbe wavuvi wa kule walimjua siku zote. Kuanzia 2003 akaanza kunaswa na jarife hapa kwetu, na 2009 ikatangazwa hifadhi ya bahari. Tuna samaki wa mita moja na nusu tuliyemtengeneza kwa mifuko ya saruji na fito, anabebwa na watu wawili, na tunaigizia karibu na wavuvi wanaposhusha samaki maana wao ndo wanaotusahihisha mkia unavyokwenda.

Maneno ya waigizaji mnayatoa wapi? Mnatunga?

Mengi tunatunga, hakuna aliyerekodi maongezi ya friza ya Magamba. Sheria yetu ni kwamba tukio, mwaka, idadi na matokeo havitungwi, maongezi yanatungwa, na kabla ya kuanza mtu mmoja anatoka mbele anawaambia watu hivyo. Baada ya igizo tunakaa dakika kumi za maswali na mtu yeyote akiuliza hili ni kweli au mmeongeza, anaambiwa ukweli.

Tunasisitiza kwasababu onyesho lina nguvu ya kuteka watu hata pale ukweli haujakamilika. Louis Pasteur mwaka 1881 kule Pouilly-le-Fort alichanja baadhi ya kondoo dhidi ya kimeta mbele ya watu, kisha wote wakaambukizwa ugonjwa huo, waliochanjwa wakapona, wengine wakafa, dunia ikashangilia. Baadae sana madaftari yake yaliposomwa ikaonekana chanjo aliyotumia ilitengenezwa kwa njia tofauti na ile watu walivyoamini. Chanjo ilifanya kazi, hilo kweli, ila hadhira haikuambiwa yote.

Mimi ni mwalimu, silabasi inanibana. Nitapata wapi muda?

Mwalimu, anza na kipande cha dakika kumi na tano. Usianze na igizo zima. Chukua ile siku ya Osborne pale Mkwawa, unahitaji watu watatu tu, Mpemba, mgeni na mwalimu, na darasa linalocheka tayari unalo. Wape habari siku moja kabla, usiwape maneno, wayatafute wenyewe. Alafu usimpe nafasi ya Mpemba yule anaepata alama za juu kila siku, mpe yule anaekaa nyuma asieuliza. Tumeona watoto wa hivyo wakiuliza swali la kweli wiki iliyofuata, darasani, bila igizo.

Kama shule yako inafundisha kwa Kiingereza igizo lifanye kwa Kiswahili, maswali ya mtihani yatafuata baadae.

Gharama ni kiasi gani?

Kubwa ni usafiri na friza, friza tunaazima. Nguo ni za nyumbani, kanzu, kaptula za zamani, khanga. Spika hatupendi kutumia uwanja mdogo, sauti inatosha. Shule za serikali hatuzitozi, tunaomba chakula cha mchana na nauli.

Vibali?

Shuleni ongea na mkuu wa shule. Uwanja wa wazi anzia kwa afisa utamaduni wa halmashauri na serikali ya mtaa, na kikundi kinachofanya kazi hii moja kwa moja kisajiliwe BASATA, yaani Baraza la Sanaa la Taifa. Kwenye maeneo ya hifadhi kama Amani omba ruhusa mapema.

Watoto hawataumia?

Maji ya moto anamimina mtu mzima tu. Mvukuto mtoto anapuliza akiwa upande wa nyuma, hasogei kwenye jiko. Utomvu wa mkonge haugusi usoni, na ndoo ya maji ya kunawa iko pale pale. Kwenye igizo la mbu hatutumii mbu wa kweli, tunaulizwa hili sana.

Sijui kuigiza, naweza kuingia?

Unaweza, fundi friji wetu alikuja kutengeneza friza akabaki. Tunahitaji watu wa kushona, wa kupiga ngoma, wenye kujua ngoma ya mdumange ya kule Lushoto vizuri, na zaidi tunahitaji wanaoweza kukaa na wazee wakasikiliza bila kukatiza. Sasa hivi tunaandaa igizo la karakana za reli, kwahiyo kama babu au baba yako alikuwa fundi wa injini za mvuke, muulize kwanza kama yuko tayari kuongea, na akikubali tutakuja sisi mpaka nyumbani, asihangaike kusafiri, na kama ana spana au taa ya zamani ya kazini tutaipiga picha tu, hatuichukui.